Nakala Arobaini

"Siandiki," Rania alisema kwa mara ya tatu, na safari hii aliiweka kalamu mezani, akaisukuma kwa kidole mpaka ikagonga mashine ya kutoa nakala.

Mamake, Bi Umulkheir, aliirudisha palepale ilipokuwa. Akamkumbusha kwamba leo ni Ijumaa, ofisi ya vitambulisho itafungwa mapema watu waende msikitini. Akamkumbusha kwamba chuo cha uuguzi kinataka namba ya kitambulisho kabla ya mwisho wa mwezi, na kwamba wasichana wengi wa Langoni wangeililia nafasi hiyo. Yote hayo aliyasema huku akipanga rimu za karatasi rafuni, maana hakuwahi kugombana na mtu mikono ikiwa mitupu.

"Majina mawili tu yamebaki kwenye fomu," alisema. "La baba na la mama. Andika, twende."

"Niandike ya nani?"

"Unayajua."

"Nayajua. Ndiyo maana siandiki."

Bi Umulkheir alitazama mlangoni kuona kama kuna mteja. Hakukuwa na mtu. Duka lake lilikuwa chumba cha chini cha nyumba yao wenyewe, chumba ambacho nyanyake alikuwa akiwekea nazi, na yeye akakisafisha, akakipaka chokaa, akaleta kompyuta, mashine ya kutoa nakala na mashine ya kufunga karatasi kwa plastiki. Alikuwa na diploma ya uhazili kutoka Mombasa na aliitundika ukutani, si kwa kujivuna bali wateja wajue kwamba hapa hawabahatishi. Mtaa ulimletea kila kitu: maombi ya basari, hati za nyumba, barua za kuomba kazi, viapo vya mahakama. Watu waliokuwa hawawaachii ndugu zao funguo walimwachia yeye karatasi zao. Na kila aliyekuja na cheti cha kuzaliwa akitaka kifungwe plastiki alirudishwa nacho. Mkubwa wa ofisi akitaka kugonga muhuri, alimwambia mteja, atagonga wapi, kwenye plastiki?

Mwanamke huyo ndiye aliyekuwa na cheti cha uongo ndani ya mkoba wake asubuhi hiyo. Kilikuwa cha mwanawe wa pekee.

Cheti kilisema Rania ni binti wa Abdulwahid na Nusra, amezaliwa nyumbani, Langoni. Abdulwahid alikuwa kakake Bi Umulkheir. Nusra alikuwa wifi yake. Ukweli ni kwamba Rania alizaliwa Mukalla, Yemen, mwaka wa elfu mbili na sita, babake Husein, Mhadhrami aliyekuja Amu, yaani Lamu, kuuza asali kwenye duka la amiye, akaoa, akaondoka na mke. Gari la Husein lilipinduka mtoto akiwa na miezi minane. Eda ilipokwisha, Bi Umulkheir alirudi kwao na mtoto mgongoni, na wiki hiyohiyo akaenda kumwandikisha, kwa kuwa yeye si mtu wa kulaza mambo.

Karani aliyemhudumia hakuwa mtu mbaya. Alimweleza kwa upole kwamba katiba iliyokuwapo wakati huo ilimruhusu mwanamume Mkenya kumpa uraia mtoto aliyezaliwa nje ya nchi, na mwanamke haikumruhusu. Mtoto ni wa babake, babake ni mgeni, basi mtoto ni mgeni. Akatiwe kibali cha kukaa, na kikiisha aombewe kingine. Rania alikuwa bado ananyonya. Bi Umulkheir alisimama nje ya ofisi ile juani, akajiuliza: wakikataa kibali, maziwa atampelekea wapi?

Usiku huo alilia kwa kakake. Baada ya wiki mbili Rania akawa mtoto wa Abdulwahid.

Hilo halikuwa siri mtaani. Abdulwahid alikuwa mjomba, na Rania alimwita mjomba siku zote. Chuoni kwa Bi Saadiya, alikosomea Kurani, aliitwa Rania binti Husein, kwani mwalimu yule hakukubali mtoto ahesabiwe kwa mtu asiye babake hata serikali ikisema nini. Shuleni, kwenye rejista, alikuwa Rania Abdulwahid. Alikua akijua kwamba ana jina la asubuhi na jina la alasiri, akabadilisha moja kwa jingine kama anavyobadilisha viatu.

Kilichobadilika ni vile vijitabu.

Kikundi cha kina mama wa Kililana kilikuwa na semina ya haki zao, kikaagiza nakala arobaini za kurasa chache za katiba. Bi Umulkheir alizichapa, akampa Rania azitoboe na kuzifunga kwa waya. Kazi ya jioni mbili. Mama alihesabu kurasa, binti akazisoma.

Sasa Rania alichukua kijitabu kimoja kilichobaki kwa sababu kilitobolewa vibaya, akakifungua mahali alipokwisha kukunja.

"Kifungu cha kumi na nne," alisema. "Mtu ni raia kwa kuzaliwa kama siku aliyozaliwa mama yake au baba yake ni raia. Awe amezaliwa Kenya, awe amezaliwa nje. Mama au baba, mama. Na hapa chini wanasema inawahusu hata waliozaliwa kabla ya katiba hii."

"Nimekichapa mimi hicho."

"Umekichapa mara arobaini. Umekisoma?"

"Nikisoma kila ninachokitolea nakala nitafunga duka saa ngapi?"

Lilikuwa jibu zuri, na siku nyingine Rania angecheka. Hakucheka. Akasogeza kijitabu mezani mpaka kikafika mbele ya mamake, akauliza kwa sauti ndogo: tangu mwaka wa elfu mbili na kumi hadi leo ni miaka mingapi?

Bi Umulkheir alisema sheria za kitabuni ni kitu kimoja na dirisha la ofisi ni kitu kingine. Alisema kutoa habari za uongo kwa msajili ni kosa, lina faini na lina jela, na yeye amechapa viapo vya kutosha kujua. Leo mtoto aende na cheti alichonacho, apate kitambulisho, asome, awe muuguzi, na dunia iendelee.

"Nikifungwa mimi," alimaliza, "hilo jina la Husein litakupikia?"

Rania alipojibu hakuwa na hasira, na hilo lilimwogofya mamake kuliko ukelele.

"Unadhani ni jina la baba ninalolitaka. Nalitaka. Lakini baba amekufa, Mungu amrehemu, hana habari na fomu. Wewe uko hai. Kwenye karatasi wewe ni shangazi yangu."

"Karatasi tu."

"Nilipopasuliwa kidole tumbo, nilikuwa na miaka kumi na miwili. Walisema mamake atie saini. Bi Nusra akasogea, wewe ukarudi nyuma ukasimama ukutani." "Mlidhani nimelala. Nilikuwa macho, mama. Nilikuona."

Bi Umulkheir alishika rimu ya karatasi iliyokuwa karibu, akaiweka mahali, akaitoa tena. Kisha akavaa buibui, akamwambia bintiye alinde duka, akatoka.

Hakuwa amepanga pa kwenda, lakini miguu ilijua. Alipita vichochoro vya Langoni haraka, akiitikia salamu bila kuona ni za nani, na njiani kumbukumbu moja ikamshika ambayo hakuwa ameifikiria kwa miaka. Ile siku ya kura ya katiba. Foleni ya wanawake ilizunguka ua wa shule, jua limeshapanda, na mazungumzo yote yalikuwa ya mahakama za kadhi: zitabaki au zitaondolewa. Yeye alipiga kura ya ndiyo kwa ajili ya kadhi. Akarudi nyumbani, akamwogesha Rania aliyekuwa na miaka minne, na mtoto akakamata kidole chake chenye wino wa zambarau akijaribu kuusugua utoke.

Kidole hichohicho alichokishika mtoto. Alikuwa amempigia kura mwanawe bila kujua, halafu akakaa miaka kumi na mitano akimficha kwa kuogopa sheria iliyokwisha kufutwa.

Karakana ya Abdulwahid ya kutengeneza mashine za boti ilikuwa wazi. Mwenyewe alikuwa chini, amelala ubavu mbele ya mashine iliyofunuliwa, na Nusra, aliyemletea mahamri na mbaazi, alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyofunikwa akimwelekeza kazi asiyoijua. Bi Umulkheir aliwaeleza yote amesimama, kama anayesoma orodha. Alipofika pale pa hospitali alikohoa, akaendelea.

Nusra ndiye aliyejibu kwanza.

"Wifi, mimi nimezaa watano. Serikali inasema sita. Huyo wa sita alinitoka bila uchungu hata kidogo, nikawa namwogopa." Akafuta mikono kwa leso. "Siku ile hospitali nilitia saini, mkono ukatetemeka mpaka daktari akaniambia mama usiogope. Sikuwa naogopa upasuaji. Nilikuwa nakuonea haya wewe."

"Hukuniambia."

"Ungenijibu nini? Ungeniambia karatasi tu."

Abdulwahid aliketi, akafuta grisi, akamtazama dadake. Alikuwa mtu wa maneno machache na Kiamu chake hakikulainishwa na shule. Alisema yeye aliandika jina lake kwa kuwa Umu alilia, si kwa kuwa alitaka mtoto wa mtu. Alisema kila Rania alipofanya vizuri na watu wakampongeza yeye kama baba kwa sababu ya cheti, alihisi amevaa kanzu ya Husein.

"Na jela?" Bi Umulkheir aliuliza.

"Mimi nilisema uongo, Nusra alisema uongo, wewe ulisema uongo. Wakifunga watatufunga sote."

"Mimi siendi," Nusra alisema. "Huko watanipikisha."

Abdulwahid hakucheka, ila pembe ya mdomo ilisogea. "Hapo kale ndia ilikuwa moja, ukapita hiyo. Sasa nti, Kenya hii, imefungua nyingine. Utasimama hapa mpaka lini, mwana wa mama?"

Hakuwa amemwita hivyo tangu walipozika mama yao.

Bi Umulkheir alitoa simu, akampigia Bi Shifaa, msaidizi wa sheria wa mtaani, ambaye viapo vyake vyote vilichapwa dukani kwake. Bi Shifaa alisikiliza mpaka mwisho. Akasema kuhusu uraia hakuna shaka, sheria iko wazi na mtoto ni Mkenya tangu siku aliyozaliwa. Kuhusu cheti cha uongo hakumdanganya: hawezi kuahidi kitu. Wanaweza kuitwa waandike maelezo, wanaweza kutozwa faini. Ila anayekuja mwenyewe na ukweli wake husikilizwa tofauti na anayefuatwa nyumbani. Wakili wa kuapisha yupo ofisini mpaka saa sita. Viapo vitatu, chake, cha kakake na cha wifi yake. Akitaka kufikiri, afikiri mpaka Jumatatu.

"Nikifikiri sitakuja," Bi Umulkheir alisema, akakata simu.

Ilikuwa saa nne na robo. Aliwaambia kakake na wifi yake wachukue vitambulisho vyao wakutane dukani, na Abdulwahid abadilishe shati.

Rania alikuwa akimhudumia mzee mmoja aliyetaka nakala ya hati ya shamba. Mamake alimwambia mzee kwa heshima kwamba duka linafungwa, Bwana Dawud, rudi kesho, nitakutolea bure. Kisha akakaa mbele ya kompyuta, akafungua kiapo cha kawaida, kile ambacho vidole vyake vilikijua kuliko alhamdu ya asubuhi. Mimi niliyetajwa hapa, mkazi wa Langoni, naapa na kusema kama ifuatavyo.

Akakwama hapo.

Alikuwa amechapa mamia ya viapo vya watu, vya talaka, vya mipaka, vya vyeti vilivyoliwa na mchwa, na hakuna kilichowahi kumshinda sentensi ya kwanza. Rania alisogea nyuma yake. Bi Umulkheir akachapa: Kwamba mimi ndiye mama mzazi wa Rania Husein, niliyemzaa Mukalla, na kwamba tangu siku hiyo sijawahi kuwa kitu kingine kwake.

"Hiyo ya mwisho si ya kisheria," Rania alisema.

"Najua."

Aliifuta hiyo ya mwisho. Kisha akaenda kunywa maji, akakaa huko nyuma zaidi ya muda wa kunywa maji, akarudi uso umeoshwa.

Kilichobaki kilikuwa chini ya mashine ya plastiki. Aliinyanyua upande mmoja, akamwambia Rania avute. Ilitoka karatasi ya kijani iliyofifia, maandishi ya Kiarabu, muhuri wa hospitali, jina la Husein, jina la Umulkheir, na wayo mdogo wa mtoto uliochovywa wino, si mkubwa kuliko dole gumba la mtu mzima. Yote imefungwa plastiki, kingo zimekatwa sawasawa kwa rula.

Rania aliitazama mbele na nyuma. Alijua karatasi hiyo ipo, hakuwahi kuishika. Aliweka kidole chake juu ya wayo ule.

"Umeifunga plastiki," alisema.

"Usinianze."

"Wewe? Unayewafukuza watu?"

"Mashine ilipofika, nikaijaribu kwa hiyo. Hewa ya bahari inakula karatasi. Nilikuwa na hiyo moja tu." Bi Umulkheir aliichukua, akaitia kwenye bahasha pamoja na kitambulisho chake na cheti chake mwenyewe cha kuzaliwa. "Wakiikataa tutaandika Mukalla watupe nyingine. Vaa viatu."

Rania hakuvaa viatu. Alimkumbatia mamake katikati ya duka, bahasha ikiwa katikati yao, na Bi Umulkheir aliyekuwa na haraka alisimama akakumbatiwa. Alimpapasa mgongo mara mbili, kama anavyopapaswa mtoto aliyekwisha kucheua. Kisha akasema bahasha inakunjika.

Wakili aliwaapisha watatu kwa zamu, Abdulwahid katika shati lake la Idi, Nusra akitia saini bila kutetemeka. Bi Shifaa alikagua kila ukurasa na kuvibana viapo pamoja. Saa tano na nusu walikuwa ofisi ya usajili, mbele ya dirisha la kijana aitwaye Austin, mwenyeji wa bara, ambaye mara nyingi alikunywa chai kizingitini pa Bi Umulkheir na ambaye mwaka jana alifukuzwa na cheti chake mwenyewe kwa kutaka kukifunga plastiki.

Alisoma viapo polepole. Alisoma mara ya pili. Alipoitoa karatasi ya kijani kwenye bahasha aliinua macho.

"Bi Umu. Hii imefungwa plastiki."

"Najua, Austin."

Kijana aliiweka karatasi kando ya viapo. Aliwaeleza kama ilivyo: lile faili la zamani litafungwa, hili jipya litapelekwa makao makuu, huenda wataitwa kutoa maelezo, huenda itachukua miezi. Ombi la leo la kitambulisho, kwa cheti cha zamani, lingekuwa tayari haraka. Hili halina haraka. Akasema ana wajibu wa kuwauliza kama wana hakika, kwa sababu akishakipokea cheti hicho hakitarudi.

Bi Umulkheir alimgeukia bintiye. "Chuo kitaanza bila wewe."

"Kitaanza tena mwaka ujao."

"Utakaa dukani mwaka mzima na mimi."

"Nitasoma vyote ninavyovichapa," Rania alisema. "Mmoja wetu lazima asome."

Nusra, aliyekuwa amesimama nyuma yao, alicheka mpaka mlinzi akageuka.

Bi Umulkheir alifungua mkoba, akatoa cheti cha miaka kumi na minane, safi, bila mkunjo, kwa maana alikitunza kama alivyotunza vya watu. Alikipitisha chini ya kioo na kukiachilia. Austin akakigonga muhuri wa kukipokea, akawapa fomu mpya.

Rania alijaza jina la babake kwa kalamu nyeusi, herufi kubwa. Akafika kwenye nafasi ya jina la mama, akasita, akaigeuza fomu kwenye kaunta na kumwachia mamake kalamu.

Bi Umulkheir aliandika jina lake. Akaandika polepole, herufi moja moja, kama wanavyoandika wale wateja ambao siku zote aliwaambia wafanye haraka.